Iafoni za waya za bei nafuu: mnapimaje sauti, na mnajuaje itakaa vizuri sikioni?

Kibatari77

Wadau, naomba msaada wa wanaojua. Mezani kuna iafoni tatu za waya, zote za kuingia ndani ya tundu la sikio, hakuna iliyozidi dola 25. Moja tu ndiyo itabaki.

A: besi ipo nikiibonyeza kwa kidole. Nikiachia, inakimbia.
B: sauti iko wazi, kila neno linasikika, ila "s" na "sh" zinachoma kama mwiba.
C: kwa sauti ndiyo inayopendeza kuliko zote, lakini ikifika dakika ya 40 sikio la kulia linaanza kuuma.

Simu ni Android yenye tundu la 3.5 mm, na adapta ya USB-C ipo. Nizipimeje bila kujidanganya? Na zile namba za kwenye boksi (20–40,000 Hz, omu 16, spika ya mm 10) zina maana gani? Msinitajie za kununua, nataka njia ya kupima.

FundiOmu

Mkuu, A usiihukumu bado. Besi ikija kwa kubonyeza na kuondoka kwa kuachia, ujue spika ni nzima na hewa ndiyo inavuja. Spika ndogo kiasi hicho haina uwezo wa kupiga besi hewani. Kazi yake ni kusukuma kile kifuko cha hewa kilichobanwa kati yake na ngoma ya sikio. Pakiwa na upenyo, msukumo unatoka kabla haujafika, na sauti za chini ndizo zinazotoroka kwanza, kuanzia karibu 200 Hz (mitetemo 200 kwa sekunde) kushuka. Sauti ya mwimbaji inabaki karibu ilivyokuwa. Ndiyo maana iafoni ileile mmoja ataisifia besi na mwenzake ataiita redio ya betri mbili, na wote wawili wanasema kweli.

Kabla ya kusikiliza wimbo wowote:

1. Vua vile vipira vilivyokuja vimevikwa (mara nyingi ni saizi ya kati) na uanze na vikubwa. Jaribu kila sikio peke yake. Matundu ya kushoto na kulia mara nyingi hayalingani, kwa hiyo usione ajabu kuvaa kipira kikubwa upande mmoja na cha kati upande wa pili.

2. Kuingiza sikio la kushoto, pitisha mkono wa kulia juu ya kichwa, shika sikio sehemu ya juu, livute juu na nyuma. Tundu la mtu mzima limepinda, na mvuto huo unalinyoosha. Ingiza huku ukizungusha kidogo, kisha achia sikio lijifunge lenyewe. Vipira vya sponji unavisokota viwe vyembamba, unaingiza, unashikilia kwa sekunde 30 hadi vivimbe. Ukiachia mapema vitajisukuma nje.

3. Fungua programu yoyote ya kutoa toni, weka 40 Hz kwa sauti ndogo. Bonyeza iafoni taratibu. Ikiwa toni haibadiliki, umeziba. Ikipanda, bado.

4. Tafuna hewa, piga mwayo, ongea. Taya likisogea, tundu la sikio nalo linabadilika umbo. Kama 40 Hz inakatika unapotafuna, panda saizi moja au tafuta kipira chenye shingo ndefu zaidi.

Kipimo cha haraka zaidi ni feni: simama karibu nayo bila muziki. Ikiziba sawasawa, muungurumo wa feni unashuka na sauti yako mwenyewe inavuma kichwani kama unaongea ndani ya mtungi.

Jambo la pili ni kiwango cha sauti. Kati ya iafoni mbili, inayolia juu hata kwa desibeli 1 au 2 itaonekana ina besi zaidi na iko wazi zaidi, kwa sababu sikio letu husikia besi vibaya sauti inapokuwa ndogo. Usilinganishe kwa kuangalia alama ya simu, maana kila iafoni ina unyeti wake, yaani inavyolia juu kwa umeme uleule. Chukua kimrija laini cha plastiki cha sm 3. Upande mmoja uingie iafoni na kipira chake, upande mwingine uugandishe kwenye maikrofoni ya simu ya pili kwa udongo wa kuchezea, usiache upenyo. Piga toni ya 500 Hz, soma desibeli kwenye programu ya kupimia, badilisha iafoni bila kugusa ule upande wa maikrofoni, kisha rekebisha hadi namba ilingane. Namba yenyewe si sahihi, ila tofauti kati ya iafoni na iafoni inatosha kwa kazi hii. Simu nyingi za Android zina ngazi 15 tu za sauti, na ngazi moja ni hatua kubwa, kwa hiyo malizia marekebisho ndani ya programu ya muziki.

Na uzime ikwalaiza (vile vitufe vya kupandisha na kushusha besi na sauti za juu), "bass boost" na kila kitu chenye jina la sinema kwenye mipangilio ya sauti. Simu nyingi huja navyo vimewashwa.

Bi_Ganuni

Aliyosema FundiOmu yafanye kwanza. Baada ya hapo weka muziki unaoujua vizuri, na uchague unaokupa swali la kujibu.

Taarab asilia ni mtihani mgumu kuliko watu wanavyodhani. Ganuni, udi, fidla na kodiani mara nyingi hufuata njia ileile ya wimbo kwa pamoja, kila mmoja akiipamba kivyake. Swali: unaweza kuifuata ganuni peke yake kwa dakika nzima huku fidla zinaendelea? Mkwaruzo wa waya wa ganuni unapodonolewa uko kwenye sauti za kati za juu, kama 2,000 hadi 5,000 Hz. Iafoni iliyofunikwa na besi inaufukia mkwaruzo huo, ganuni na udi vinakuwa kitu kimoja. Iliyozidisha eneo hilo inafanya fidla zote zipige kelele kama mlango usiotiwa mafuta.

Dansi la zamani ni la kupimia besi. Sikiliza gitaa la besi, uzi wake wa chini kabisa ni 41 Hz. Unasikia linapanda na kushuka, noti kwa noti? Au unasikia "du, du, du" ya aina moja tu? Iafoni za bei nafuu zinazouzwa kwa jina la besi nyingi hupiga noti zote kama moja. Hiyo ni wingi wa besi, usiichanganye na ubora wake.

Singeli inapima breki. Kwa midundo 200 kwa dakika, una sekunde 0.3 kati ya mdundo na mdundo. Besi ambayo haijakata mdundo unaofuata unapofika itakupa uji.

Halafu ipo ambayo wengi hawaijaribu: sauti ya mtu anayesoma taarifa ya habari bila muziki. Sauti ya binadamu unaisikia tangu kuzaliwa, huhitaji utaalamu kujua kama msomaji anaongea kutoka kwenye pipa au puani.

Sasa B. Kabla hujaihukumu, hakikisha faili ni safi. Wimbo uliorushwa kwenye makundi ya WhatsApp mara kumi, au MP3 ya 64 kbps, una "s" zinazokaangika zenyewe, na iafoni iliyo wazi inakuonyesha tu. Kama faili safi nayo inachoma, shusha sauti sana, kisha tembeza toni polepole kutoka 5,000 hadi 9,000 Hz. Utafika mahali itaruka ghafla. Andika namba hiyo. Mara nyingi iko karibu na 6,000 hadi 8,000 Hz, na sehemu yake inatoka kwenye sikio lako, kwa sababu tundu lililozibwa lina mvumo wake, na mvumo huo unahama kadiri unavyoingiza iafoni ndani zaidi. Sukuma mm 1 au 2 ujaribu tena. Ikibaki, vaa vipira vya sponji, vinapunguza sauti za juu kidogo. Ikwalaiza iwe ya mwisho: punguza desibeli 3 au 4 mahali pale pale, kwa upana mdogo.

Ile ikwalaiza ya vitufe vitano inayokuja na Android haitakusaidia hapa. Vitufe vyake kwa kawaida ni 60, 230, 910, 3,600 na 14,000 Hz, na mchomo wako umekaa katikati ya viwili vya mwisho. Tafuta programu yenye vitufe kumi au zaidi, au inayokuruhusu kuandika masafa mwenyewe.

Saa100

Umesahau jambo. Iafoni mpya haipimwi siku ya kwanza. Zipige saa 100 mfululizo spika zikolee, zile "s" zitalainika zenyewe.

Bi_Ganuni

Kaka, kinachokolea ni sikio la msikilizaji. Mabadiliko ya spika ndogo kama hizi yakipimwa kabla na baada ni madogo kuliko yale unayopata kwa kuvua iafoni na kuivaa tena. Ndani ya hizo saa 100 mtu amebadilisha vipira, amejifunza kuingiza vizuri, na amezoea. Ukitaka kuhakikisha, vaa ya kushoto iliyopigwa saa 100 na ya kulia ambayo haikupigwa, sauti moja ya mono (ileile pande zote), uone kama picha ya sauti, yaani pale inapoonekana kutokea, inahama kutoka katikati.

Chuma_cha_Pwani

Swali la maumivu limerukwa, na iafoni nzuri isiyovalika itaishia kwenye droo. Ndugu, tazama ni wapi pauma na baada ya muda gani.

Pakiuma kwenye mlango wa tundu ndani ya dakika 5 hadi 10, kipira ni kikubwa au kigumu. Pakiuma kwenye bakuli la sikio, kwenye ule ukingo wa gegedu, na maumivu yaja polepole baada ya nusu saa, hilo ni ganda la iafoni: kona yake yalalia mahali pamoja. Ukiivua, lipige picha sikio. Utaona alama nyekundu yenye umbo la kona yenyewe. Dakika 40 za C zafanana na hili. Pakiuma nyuma ya sikio juu, ni ile kulabu ya waya. Ipashe joto kwa kikaushia nywele sekunde chache, uikunje upya kwa vidole.

Kwa C jaribu kipira chenye shingo ndefu, husogeza ganda nje mm 1 au 2 na kona huacha kugusa. Waweza pia kuvika kipete chembamba cha mpira kwenye kitako cha mdomo wa iafoni kabla ya kipira. Kisha pima tena kwa saa nzima, na pima umekaa, umetembea, na umeongea. Ikiuma bado, muachie mwenye sikio jingine. Gegedu halizoei.

Anayevaa mtandio au kofia ya kubana apime akiwa amevaa. Ganda linalochomoza nje ya sikio husukumwa ndani na kitambaa, na waya ukisuguana na nguo husikika "krr krr" kila ukigeuza shingo. Kuupitisha waya juu ya sikio na kupandisha kile kibano cha kukutanisha waya mbili hadi chini ya kidevu hupunguza sana kelele hiyo.

Jingine ni presha. Ukiingiza na ukasikia "krak" kama karatasi, ni utando wa spika umesukumwa na hewa. Sauti yaweza kushuka kwa muda kisha ikarudi. Ingiza polepole. Tafuta katundu kadogo ka hewa kwenye ganda, mara nyingi karibu na mdomo, na uhakikishe kipira hakikazibi.

Na huku kwetu pwani, jasho na unyevu ndio adui. Unyevu hukwama kwenye wavu mdogo wa mdomo wa iafoni na upande mmoja washuka sauti. Watu huitupa wakidhani spika imekufa. Vua kipira, mdomo utazame chini, pangusa wavu kwa mswaki laini mkavu, kisha ilaze usiku kucha ndani ya kopo lililofungwa pamoja na vile vifuko vya chembe za kukaushia vinavyokuja kwenye maboksi ya viatu. Usisukume sindano kwenye wavu, na usipulize kwa mdomo, waongeza unyevu. Vipira vya silikoni vyaoshwa kwa sabuni na maji ya uvuguvugu, vikauke kabisa kabla ya kurudishwa. Vya sponji hunywa jasho, baada ya miezi miwili mitatu ya matumizi ya kila siku hupoteza uvimbaji, nunua vingine.

FundiOmu

Namba za boksi sasa. Ile 20–40,000 Hz ipuuze. Binadamu mwenye masikio mazuri husikia hadi 20,000 Hz, na bila kuambiwa sauti inashuka kwa desibeli ngapi kwenye ncha hizo, mtu anaweza kuandika chochote. Kipenyo cha mm 10 nacho hakisemi kitu kuhusu ubora.

Omu (ukinzani wa umeme) na unyeti vinafaa, mradi usome vyote viwili pamoja. Watengenezaji wengine huandika desibeli kwa miliwati, wengine kwa volti, na ukizilinganisha hivyo hivyo utapotea. Kwa iafoni ya omu 16, toa 18 kwenye namba ya volti upate ya miliwati. Kwa omu 32, toa 15. Kwa hiyo "112 dB/V" ya omu 32 ni 97 dB/mW, na italia chini kuliko "105 dB/mW" ya omu 16 ingawa namba yake ni kubwa zaidi. Zote mbili simu inaziendesha bila shida.

Ukikuta grafu za vipimo mtandaoni, soma zaidi chini ya 8,000 Hz. Vifaa vingi vya kupimia hufuata kiwango cha IEC 60318-4, na karibu na hapo kifaa chenyewe kina mvumo wake unaohama kulingana na kina cha kuingiza. Kigongo kikubwa unachokiona karibu na 3,000 Hz si kosa, sikio lililo wazi hukuza eneo hilo, na iafoni inapaswa kulirudisha. Na grafu zote zinachukulia kuwa umeziba vizuri.

Dukani ni habari nyingine. Pale Kariakoo, Dar es Salaam, au Luthuli, Nairobi, usipime besi kabisa. Ngurumo za magari na spika za maduka zinafunika sauti za chini, kwa hiyo iafoni iliyozidisha besi itaonekana ndiyo sawa, ukifika chumbani inakuwa ngoma. Dukani pima ubovu tu: kushoto na kulia zipo mahali pake, toni ya 30 hadi 60 Hz haikoromi, waya haukatiki unapoutikisa kwenye pini na kwenye mgawanyiko wa Y. Nenda na vipira vyako na kitambaa chenye spiriti, iafoni ya kujaribia imepita masikio mengi.

Kibatari77

Nimefuata. A kwa kipira kikubwa kushoto na cha kati kulia, 40 Hz haibadiliki tena. Yamebaki matatizo mawili:
Kwanza, A upande wa kulia bado uko chini kidogo, picha ya sauti imevutwa kushoto.
Pili, B nikiitumia kwenye tundu la 3.5 mm mwimbaji anapotea, vinabaki vyombo kwa mbali kama viko kisimani. Kwenye adapta iko sawa.

FundiOmu

La pili ni la waya wa pamoja, ule wa kurudisha umeme wa pande zote mbili. Usipogusa, spika mbili zinabaki zimeungwa mfululizo na unasikia tofauti tu kati ya kushoto na kulia. Mwimbaji amewekwa katikati, yaani sawa pande zote, kwa hiyo anajifuta. Kwa kuwa adapta inafanya kazi, pini ya B ni nzima. Kwanza vua kava la simu, huenda pini haifiki mwisho. Kisha chungulia tundu kwa tochi: nyuzi za mfukoni hujikusanya chini na kugandamizwa. Zima simu, zitoe kwa kijiti cha mbao cha meno, usitumie chuma. Ikibaki vilevile, shikilia kitufe cha maikrofoni kwenye waya wa B. Mwimbaji akirudi wakati umeshikilia, mpangilio wa waya wa maikrofoni na wa pamoja umepishana kati ya pini na simu, na hapo tumia adapta tu.

La kwanza: badilisha. Vaa ya kulia sikio la kushoto na ya kushoto sikio la kulia, hata kama zimekaa kichekesho. Udhaifu ukibaki upande uleule wa kichwa, ni sikio au kipira. Rudi kwenye feni na 40 Hz upande huo. Udhaifu ukihama na iafoni, fuata maelezo ya Chuma kuhusu wavu.

Chuma_cha_Pwani

Niongeze, kama A ni ya waya wa kuchomoka, ule wenye pini mbili za mm 0.78, chomoa upande mmoja utazame. Baadhi ya matundu hayana kizuizi, na pini zaweza kuingia kinyume. Ukikosea upande mmoja, hakuna upande unaoshuka, bali besi yapungua pande zote na mwimbaji haonekani yuko wapi. Ya kwako imevutwa kushoto, kwa hiyo huenda si hilo, lakini ni sekunde 10 kukagua. Vuta kwa kushika kichwa cha pini, usishike waya, na usizungushe.

Bi_Ganuni

Na ukishachagua, usisahau kwa nini tulihangaika na kuziba. Shirika la Afya Duniani limeweka desibeli 80 kwa saa 40 kwa wiki kwa mtu mzima, na kila ukipandisha desibeli 3 muda unakatwa nusu: 83 ni saa 20, 86 ni saa 10. Ndani ya daladala iafoni isiyoziba itakulazimisha kupandisha hadi ngazi ya 13 au 14. Iliyoziba, jaribu uanze na 7.

Kibatari77

Nimebadilisha masikio: udhaifu umehama na iafoni. Wavu wa kulia chini ya tochi una utando mweupe. Imeingia kwenye kopo na vifuko viwili. B mwimbaji amerudi baada ya kuvua kava.